Mtoto Anayetazama Nyuma

Yarrabinga
4 Agosti 1973

Kwa binti yangu Roslyn,

Salamu zikufikie hapo Adelaide ulipo. Mimi sijambo, ila goti la kushoto linanikumbusha kila farasi aliyewahi kuniangusha. Kondoo wazima, na nzi ndio wazima kupita kondoo. Shangazi yako Pearl anakusalimu. Bado anakaa ile nyumba ya kisimani, na bado ananipikia kila Jumapili huku akinisema. Wewe je? Na mama yako yu hali gani?

Najua tumezoeana kwa kadi za Krismasi, yangu moja na yako moja, na sasa si Krismasi. Lakini kadi yako ya mwisho ilisema umepata kazi ya kusafisha mifupa ya kale kwenye makumbusho. Tangu hapo nikipita kando ya ziwa natazama chini badala ya kutazama kondoo. Unalikumbuka ziwa? Jina tu ziwa, ni chumvi tupu mpaka macho yanapoishia. Juzi upepo ulikwangua ukingo wa mashariki ukatoa mfupa mnene kuliko paja langu. Nikamwambia Pearl ni wa fahali. Akasema, "Fahali gani huyo, Clem? Alinyonyeshwa na nani?" Kwao si habari mpya, maana unajua Pearl ni shangazi yako kwa kukulea tu, si kwa damu; yeye ni wa wenyeji wa asili. Hii ni nchi ya wazee wake, na bibi yake alikuwa akiwahadithia juu ya wanyama wakubwa waliozama humo.

Nimekutumia kipande. Nimekiosha vizuri kwa maji ya moto na sabuni, nikakianika juani, kisije kikakuaibisha mbele ya wakubwa wako.

Ni mimi baba yako,
Clem


Adelaide
29 Agosti 1973

Baba,

Shikamoo. Mimi ni mzima, mama naye hajambo, mafua ya baridi yamemwachia. Pole na goti.

Barua yako imefika salama. Mfupa haukufika. Umefika unga. Mifupa iliyolala kwenye udongo wa chumvi ikioshwa na kuanikwa inapasuka yote. Ungeuacha na uchafu wake ungeishi. Ukiona mwingine, tafadhali usiuguse na sabuni. Ufunike kwa magazeti mabichi, kisha uufunge kwa magunia yaliyochovywa kwenye plasta, uache ukauke taratibu kivulini.

Hata hivyo ndani ya unga kulikuwa na kipande cha jino, na mkuu wangu, Profesa Haddow, alipokiona alianza kuniita kwa jina langu. Tangu niajiriwe alikuwa akiniita "wewe". Anasema ni jitu la kale, mnyama mkubwa kama kifaru, aliyekwisha duniani maelfu na maelfu ya miaka iliyopita. Alibeba mtoto mfukoni kama kangaruu, ingawa ndugu yake wa karibu aliyebaki leo ni wombati, yule mfupi mnene mchimba mashimo.

Nitashukuru ukinieleza kama kuna mifupa mingine.

Binti yako,
Roslyn


Yarrabinga
30 Septemba 1973

Binti yangu,

U hali gani? Huku tu wazima, joto limeanza kubisha hodi. Unga! Pearl alicheka mpaka akakaa chini. Sasa kila akinipa mkate wa majivuni ananiuliza, "Huu nao nikuoshee?"

Roslyn, kuna mingine. Nimefukua polepole kama ulivyosema, na magazeti yamenikwisha. Mnyama wako hajalala. Amesimama. Miguu yote minne imezama wima kwenye udongo kama nguzo za uzio. Nimewaona kondoo wakifa hivyo mwaka wa ukame. Maji yanakimbilia katikati ya ziwa, mnyama anayafuata, ukoko wa juu unamdanganya kuwa umekauka, kisha unavunjika. Hawezi kwenda mbele wala kurudi. Nilikaa naye muda mrefu jana. Usinicheke, nilimwonea huruma.

Pearl hana huruma na mimi. Alinikuta nimepiga magoti kwenye chumvi na kijiko cha jikoni mkononi, akasema, "Clem, wewe huchimbi mnyama. Unamchimba binti yako." Nikaendelea kuchimba, maana ni kweli.

Watu husema milima haikutani lakini binadamu hukutana. Huku hata kilima cha kusingizia hatuna, na bado tumeshindwa. Njoo, mwanangu. Kitanda chako kipo. Nikifika kwenye mfupa wa mkia nitakukumbuka zaidi, maana ulivyokuwa ukinifuata kila nilikokwenda, jina lako hapa lilikuwa Mkia.

Baba yako


Adelaide
28 Oktoba 1973

Baba,

Shikamoo, na umshikie Shangazi Pearl miguu kwa niaba yangu. Nimesoma barua yako nikiwa kazini, ikabidi nitoke nje kidogo. Nilikuwa nimelisahau jina la Mkia.

Profesa anataka kuleta watu na magari mwezi wa Julai, joto likipungua. Lakini kuna jambo alinieleza nami siwezi kulala nalo peke yangu. Wombati ana mfuko uliofunguka upande wa nyuma, si mbele kama wa kangaruu, ili mama akichimba, udongo usimjae mtoto. Profesa anaamini jitu letu lilikuwa hivyohivyo. Kwa hiyo mtoto wake akichungulia nje, haoni mama anakokwenda. Anaona anakotoka tu.

Baba, siku tuliyoondoka na mama, mimi nilikaa nyuma ya pikapu, juu ya magodoro, nikitazama nyuma. Nilikuwa na miaka saba. Wewe ulisimama langoni. Nilikupungia mpaka mkono ukaniuma, na wewe hukunipungia. Halafu vumbi likaja, na mimi sikuwa na mfuko wa kunikinga. Nimekuwa mtu mzima na jambo hilo moyoni. Kadi zako nilizipokea, zangu nilizituma, lakini kila nilipofikiria kuja nilimwona mtu amesimama langoni hapungi mkono.

Kwa nini, Baba?

Roslyn


Adelaide
2 Desemba 1973

Baba,

Shikamoo. Natumai ni gari la barua lililoharibika, si wewe. Kama swali langu limekuumiza, liache. Niandikie tu habari za mnyama.

Roslyn


Yarrabinga
16 Desemba 1973

Mkia wangu,

Salamu. Mimi ni mzima, gari la barua nalo ni zima. Ni kalamu iliyokuwa nzito. Nimeanza barua hii mara nyingi, na Pearl ameziwashia moto wa chai zote zilizoharibika.

Nilikupungia.

Mlipoanza kuondoka sikuweza, maana mikono yangu ilikuwa imelishika lango kwa nyuma. Ningeliachia ningekimbilia gari nikushushe, na mama yako alikuwa na haki yake. Hapa palikuwa hapana shule, hapana mtoto mwenzako, na yeye upweke ulikuwa unamla. Basi nililishika lango. Mlipovuka mtaro ndipo nikavua kofia nikapunga. Nilipunga kofia, nikapunga mkono, nikapanda juu ya lango nikapunga. Kumbe nililipungia vumbi. Niliendelea hata gari lilipokwisha kuwa alama tu, mpaka Pearl akaja akasema, "Shuka, Clem. Wameshafika barabara kuu. Njoo unywe chai." Muulize mwenyewe, yupo hapa anaosha vikombe na anajifanya hasikii.

Miaka yote hii nilidhani uliniona. Nilikuwa nikijifariji kwa hilo.

Sasa habari za mnyama, na kaa chini kabla hujasoma. Katikati ya mifupa ya nyonga nimekuta taya dogo, linaenea kiganjani, na vijimeno vyake vyote vimo. Ni mtoto, Mkia. Alikuwa mfukoni. Mama alizama akiwa amembeba, na kwa hayo uliyoniandikia, yeye alikuwa akitazama ufukweni walikotoka. Nimemfunika tena kwa magazeti mabichi. Sitaki kumtoa peke yangu.

Baba


Adelaide
9 Januari 1974

Baba yangu mpenzi,

Shikamoo. Sitaki kuandika mengi kwa sababu machozi yanaharibu wino. Ulinipungia.

Julai ni mbali. Nimeomba ruhusa, nakuja mwanzoni mwa Februari, kwa treni hadi mwisho wa reli kisha kwa gari la barua. Mtoto usimtoe. Nisubiri, tutamtoa sote wawili.

Mkia wako


Yarrabinga
3 Machi 1974

Mkia wangu,

Natumai barua hii itakufikia na kukukuta salama. Ndege iliyotuletea unga na chai imetua leo kwenye kipande cha nchi kilichokauka, na rubani amekubali kuichukua. Sisi ni wazima. Paka mzima. Kondoo nisikudanganye, wengi wamekwenda na maji.

Mvua ilianza siku mbili kabla ya siku yako ya kufika. Nadhani walikuambia mwisho wa reli kwamba njia imefungwa, ukageuka. Ulifanya vyema. Huku mito yote imeshuka kwa pamoja, na ziwa sasa ni ziwa kweli. Pearl anasema mamake aliliona hivi mara moja tu. Ndege wa majini wamekuja sijui wameambiwa na nani.

Tulipoona maji yanatambaa kwenye chumvi, tulikimbia na kamba na magunia. Mama hatukumuweza. Amezama tena pale pale, amesimama vile vile, na safari hii nimemwona akienda. Mtoto tulimtoa. Naomba unisamehe kwa kutokukusubiri. Yumo kwenye bati la mkate, ndani ya udongo wake, kitambaa kibichi juu. Sijamwosha.

Nitamtuma kwa ndege ijayo ukitaka. Profesa wako aambiwe asihangaike, maji haya yatakaa miaka. Nawe pia, mwanangu, una kazi yako huko. Nilikuwa na kitu kikubwa cha kukuitia, na sasa sina tena. Pearl anasema mgeni njoo, mwenyeji apone. Namwambia, mgeni aje kuona nini? Matope?

Nimefurahi tumeandikiana.

Baba


Adelaide
5 Mei 1974

Baba,

Shikamoo. Mimi ni mzima, mama naye mzima. Nilimsomea barua zako zote, hata ile ya lango. Aliinuka akaniletea sweta lako la zamani ambalo sikujua analo. Anasema huko usiku kuna baridi, nirudi nalo.

Usimtume mtoto kwa ndege. Profesa amesema kazi imekwisha, hatatoa gari wala ruhusa. Nimemwambia siombi gari. Siji kwa mifupa, Baba. Nadhani hata mwanzo sikuwa nikija kwa mifupa, ila mimi na wewe ni watu wa haya, tulihitaji mnyama mkubwa kama kifaru asimame katikati yetu ndipo tuzungumze.

Nimempigia simu dereva wa gari la barua. Anasema njia imefunguliwa, udongo bado una unyevu, na majani yameota mpaka katikati ya barabara. Nikamuuliza vumbi je? Akadhani nina wasiwasi na nguo zangu. Akasema, "Dada, mwaka huu huku hakuna vumbi hata la dawa."

Nafika Alhamisi, tarehe kumi na sita. Barua hii usiijibu, jibu lako litapishana nami njiani. Nimemwomba dereva anipakie nyuma, juu ya mifuko ya barua, na safari hii nitakaa nikitazama mbele.

Simama langoni, Baba. Anza kupunga mapema.

Mkia wako