Nyumba ya Bibi Tuli

Mwezi wa Upepo, tarehe nne

Baba yangu,

Shikamoo. Magoti yanasemaje? Sisi tumefika salama, kama salama ndilo neno lake.

Mume wangu, mwashi wangu, alipumua kwa shida njia nzima, na damu ilipenya kila kitambaa nilichomfunga. Tulipovuka kizingiti cha Nyumba hii, ikasimama. Tone moja lilibaki linaning'inia kidoleni mwake, halidondoki. Mtunza Mlango, mama mwembamba mwenye sauti ya chini, akasema, "Bibi Tuli amemshika. Hatakufa humu." Nikapiga magoti kumshukuru mungu nisiyemjua.

Humu hakuna kinachoharibika. Maziwa hayachachi, ua lililokatwa halinyauki, mwali wa taa hautikisiki. Bibi Tuli hana sanamu. Wanasema ule ukimya ndio yeye. Tunaongea kwa kunong'ona. Mimi, kunong'ona! Ungenicheka.

Aliyemleta mgonjwa hukaa naye. Akitoka, mgonjwa hubaki, lakini yeye haruhusiwi kurudi ndani. Basi nitakaa mpaka apone. Mjukuu wako tumboni hajambo. Majibu mpe msafirishaji wa chumvi, hupita hapa.

Mwanao,
Chiriku

*

Mwezi wa Mavuno, tarehe kumi na mbili

Chiriku wangu,

Marahaba, mwanangu. Magoti yananitangulia kulalamika hata kabla sijainuka. Mengine ni uzee tu, hauna dawa.

Nimefurahi kusikia mkwe wangu yu hai. Jukwaa la ujenzi lililomwangusha limebomolewa, na ule ukuta umemaliziwa na mwashi mwingine. Umepinda. Nikipita pale nageuza uso, nisije nikamtukana mtu.

Duka limepooza. Wateja walikuwa wanaleta viatu wapate kupiga soga na wewe. Sasa wanakuta mzee na nyundo. Jirani yetu mwoka mikate kila siku ananiuliza umejifungua nini. Namwambia bado. Juzi kauliza tena, nikajikuta nahesabu miezi kwa vidole chini ya meza.

Mwanangu, mimba ina siku zake. Umejifungua ukanificha? Au limetokea baya? Niambie tu. Mimi na mabaya tunajuana.

Baba yako

*

Mwezi wa Baridi, tarehe mosi

Baba,

Shikamoo. Natumaini baridi haijakufungia ndani. Barua hii nimeiandika na kuichana mara nyingi.

Sijajifungua. Tumbo ni lilelile nililopanda nalo mlimani. Mtoto hachezi. Mwanzoni nilidhani amelala. Nikamwendea Mtunza Mlango, nikamwambia, "Nilimleta mume wangu ashikwe, siyo mtoto."

Akaniangalia kwa huruma. "Bibi Tuli hachagui, binti yangu. Akishika, ameshika vyote."

"Na mume wangu atapona lini?"

"Nani alikuambia anapona? Nilisema hafi."

Na kweli, Baba, ndivyo alivyosema. Masikio yangu ndiyo yaliyojiongezea.

Yupo. Ana joto. Vumbi la chokaa bado limo kwenye nyusi zake, nikilipangusa linarudi. Namsemesha sikioni hata kope haichezi. Wenzangu humu wamekaa na wagonjwa wao mpaka wamesahau majina ya mitaa yao, na wala hawana huzuni. Hilo ndilo linalonitisha.

Nikitoka naye, jeraha litaamka pamoja naye. Nikitoka peke yangu, sitamwona tena. Nikikaa, mtoto huyu hazaliwi milele. Niambie la kufanya.

Mwanao

*

Mwezi wa Upepo, tarehe ishirini, mwaka wa pili

Mwanangu,

Natumaini barua hii inakukuta mzima. Mimi nipo, nakula, nalala.

Nimechelewa kujibu kwa sababu kila jibu nililoandika lilikuwa la kujipendelea. Nakutaka nyumbani. Napika chakula cha watu wawili, nakula cha mmoja, kinacholala nakila asubuhi. Kwa hiyo usinisikilize mimi.

Ila nikusimulie jambo. Mama yako alipokuwa anakata roho, nilimkamata mkono kwa nguvu zangu zote za fundi viatu. Nikamwambia, hutoki hapa. Akafumbua macho, akasema, "Mume wangu, unaniumiza vidole." Nikalegeza kidogo. Akanishika yeye mimi, mpaka mwisho.

Sikuagizi kitu. Unamjua mumeo kuliko mimi.

Baba yako

*

Nyumba ya wageni chini ya mlima
Mwezi wa Mavuno, tarehe tisa, mwaka wa nne

Baba,

Shikamoo. Sijui kama bado upo wa kuitikia. Barua yako niliisoma, nikaiweka chini ya mkeka, nikaendelea kukaa. Kukaa kule ni rahisi, Baba. Siku haikusukumi.

Kilichonitoa ni mgeni. Mama mmoja alimleta binti yake anayeungua kwa homa, akaniuliza mimba yangu ina miezi mingapi. Nikaanza kuhesabu kwa vidole, vikaisha kabla sijamaliza. Yule mama akaanza kulia, si kwa ajili ya binti yake, kwa ajili yangu.

Nilimchana nywele mume wangu. Nikamwambia, "Mtoto anahitaji kuzeeka. Nisamehe, namtoa humu." Nilimngoja ajibu, mjinga mimi. Kisha nikatoka. Mtunza Mlango alinifungulia, akafunga nyuma yangu.

Nilikuwa sijafika ngazi ya tatu mtoto alipopiga teke. Nikakaa palepale juani, nikalia kwa sauti, Baba, sauti yangu yote, mpaka punda wa chumvi wakashtuka.

Mwenye nyumba amenipa kazi ya jikoni mpaka nijifungue. Kupanda mkokoteni kurudi nyumbani na tumbo hili sithubutu. Kutoka dirishani naona paa la Nyumba ile. Kila asubuhi naliangalia. Bado sijaweza kuacha.

Kama upo, niandikie hata neno moja.

Mwanao

*

Hapahapa, asubuhi

Mwanangu,

Niko chini, sebuleni. Barua yako ilinikuta naumwa. Nilipopata nguvu nikaona kuandika kutachelewa kuliko kuja. Mwenye nyumba anasema umejifungua jana, ni wa kiume, analia kama anayedai kodi. Sasa mmelala wote wawili. Nimemkataza asiwaamshe, atakupa karatasi hii ukifumbua macho.

Sitakuuliza chochote juu ya mkwe wangu. Ukitaka kusema, nitasikiliza. Usipotaka, tutakaa.

Jambo moja tu. Usishtuke ukiniona. Nywele zimekwisha, na mgongo umeinama. Wewe ulikuwa mahali pasipozeeka. Mimi nilikuwa nyumbani.

Baba yako