Vyura wa Kilolo Siyo wa Rungwe

Kamwene, Baba.

Nimekasirika, na sehemu ya hasira hii ni yako, kwa hiyo nivumilie.

Wiki iliyopita alikuja mtafiti kutoka chuo, dada mmoja mpole, kaacha gari barabarani akapanda huku kwetu kwa miguu na mvua yote ile. Alikuwa anakutafuta wewe. Hakujua kwamba tulishakuzika. Nilimpa kiti, nikamwambia. Akauliza, "Na vyura wake?"

Baba, ulikuwa sahihi. Wale vyura wadogo wa msitu wetu hapa Kilolo, wanaozaa watoto hai bila kutaga mayai, wanapangwa upya. Miaka yote vitabuni waliwekwa spishi moja na wale wa Mlima Rungwe, kule Mbeya. Sasa watafiti wanadhani ni ndugu tu, jenasi moja, lakini kila mlima una wa kwake. Wewe ulilisema hilo uliporudi kutoka kubeba mizigo ya watafiti Rungwe, mimi nikiwa kidato cha pili. Ulimweka chura kiganjani ukaniambia, "Twilumba, mwangalie mguuni. Matezi ya huyu wa kwetu ni marefu. Ya yule wa Rungwe ni ya mviringo. Huyu siyo yule." Nilicheka. Nikakwambia, "Baba, waliosoma wameshaandika." Ukamrudisha kwenye majani. Inaniuma hadi leo.

Uliwaambia na watafiti wenyewe, wakakujibu kwamba vyura wa jina hilo wanao wa kutosha. Ndipo ukawahifadhi kumi na wawili stoo, kwenye chupa za spiriti, wa kutoka bonde la juu. Hao ndio mgeni aliowafuata.

Hawapo, Baba. Siku ya tatu ya msiba wako Baba Mdogo alifungua stoo kutafuta sufuria, akakuta vyura wanamkodolea macho. "Kaka alikuwa anafuga nini humu?" Kabla sijatoka jikoni alishawamwaga wote chooni, akihofia watu watasema uchawi. Nilimfokea mbele za watu. Mama akaniambia nimstahi baba yangu mdogo, chura siyo kitu cha kugombania msibani.

Nilimpa mgeni daftari lako. Siku, kijito, urefu wa mguu uliopima kwa rula yangu ya shule, vyote vimo. Akasoma hadi mwisho. "Kazi nzuri sana," akasema, "lakini spishi haipewi jina kwa daftari. Lazima awepo chura mwenyewe." Sasa kwa nini hukutuambia zile chupa ni za nini? Baba Mdogo angejuaje? Hata mimi nilidhani ni ukaidi wako tu.

Jumamosi nilimpeleka mgeni msituni. Baba Mdogo akatufuata na panga lake. Bonde la juu limekuwa viazi hadi ukingoni mwa kijito. Nilikaa kwenye tuta nikalia kwa hasira. Tukavuka ng'ambo, kwenye kipande cha msitu kilichobaki chini ya mwamba, tukafunua majani hadi magoti yakafa ganzi. Aliyempata ni Baba Mdogo. Jike, tumbo limejaa watoto. "Huyu hapa," alisema kwa sauti ndogo, kamfunika kwa viganja vyote viwili kama kifaranga. "Mwanangu, mimi sikujua."

Matezi marefu, Baba.

Kibali cha kumchukua hakijatoka. Mgeni alimpiga picha, tukamwachia. Sijui kama jina litapatikana, wala kama kile kipande kitakuwepo kibali kikija. Nimeenda kwa mwenyekiti wa kijiji mara mbili kuomba kisilimwe. Mara zote mbili ameniambia, "Binti, njoo Jumatatu."

Basi pumzika, Baba. Jumatatu nitakwenda. Akiniambia njoo Jumatatu nyingine, nitakwenda na hiyo nyingine.

Binti yako,
Twilumba