Saa Niliyoifungia Mkekani

Bibi, nimeolewa! Nimekaa katika chumba chetu cha Maisaka, Elia wangu yuko kazini, na kengele ya baiskeli ikilia nje nakimbilia dirishani kama mwendawazimu. Jana aliniletea ndizi mbivu akanimenyea huku akiimba vibaya. Ningejaza karatasi hii yote kwa vidole vyake tu.

Lakini nimekuandikia habari za mkeka. Na za Shangazi, Mama Zakaria, dada wa mkweo.

Nakumbuka barazani kwako Bagara ukisuka. "Muda hautembei sawasawa, mjukuu wangu. Pengine unavutika, pengine unajikunja. Ndiyo maana kanga sandukuni hupauka kwanza kwenye mkunjo. Hapo muda umepita mara mbili." Ukindu mmoja uliukausha juani, mwingine kivulini. Wa juani unavuta mbele, ulisema, wa kivulini unavuta nyuma, na muda ukifika kati yao unakosa pa kupenya. Siku pindo litakapomalizika kushonwa, saa hiyohiyo itabaki mkekani bila kuchakaa. Mimi na Fizikia yangu ya kidato cha nne nilicheka. Hukukasirika. Ulisema unanishonea saa ya harusi yangu.

Ulikufa pindo limebaki kiganja kimoja.

Shangazi aliutaka mkeka ule mwaka tulipopata mkoa wetu mpya wa Manyara, awatandikie wageni wakubwa ajulikane. Ukamnyima. Akapita nyumba kwa nyumba akisema unasuka uchawi. Ulipougua, Bibi, hakuna aliyekuletea hata uji. Tulikuzika watu saba. Saba! Hapa Babati, ambapo msiba wa mtu yeyote hujaza uwanja! Kisha wakaniambia muda ni dawa, nitasahau. Dawa hiyo sikuitaka.

Ikaja siku ya kufundwa. Unajua desturi, shangazi lazima akae na bibi harusi mkekani ampe maneno. Nikatandika wa kwako. Sindano niliificha chini ya kitenge.

Alipouona akarudi nyuma, kikombe cha chai mkononi. "Mimi sikalii kitu cha yule mchawi."

"Kaa bwana, Mama Zakaria!" wanawake wakamcheka. "Mwili wote huo unaogopa ukindu?"

Akakaa. Nikamwamkia kwa heshima, kisha nikamuuliza mbele ya wote, "Shangazi, Bibi yangu alimroga nani?"

Mama Neema, jirani yako wa ukuta kwa ukuta, akasema, "Jibu, mwenzetu. Sisi tuliacha kumzika kwa maneno yako."

Akakitua kikombe kwa kishindo, chai ikamwagika mkekani. "Sikumwona akiroga mtu," akasema. "Alininyima mkeka. Nilikuwa na hasira tu."

Mama Neema alilia kwa sauti. Na mimi, Bibi, niliinama nikashona pindo la mwisho.

Ndiyo, najua uliniwekea saa gani. Elia naye aliniuliza, "Na ya harusi yetu je?" Nikamwambia hiyo ichakae kama za watu wengine, mimi na yeye tutapata nyingine kila siku. Akanishika uso kwa mikono miwili, na sitakuambia kilichofuata.

Wiki tatu zimepita. Shangazi ameanza kusema sokoni kwamba hakukiri chochote, kwamba ni mambo ya zamani, watu wamekosea kusikia. Leo asubuhi nimeukunjua mkeka. Chai yake bado haijakauka, Bibi. Nimeigusa. Bado ya moto.

Ulisema kweli, na mimi nilicheka. Nisamehe.

Pumzika sasa. Jina lako ni safi Bagara nzima, na nitakaa macho lisichafuliwe tena. Shangazi akija kuniomba tusahau, nakuahidi nitampokea vizuri. Nitampa shikamoo yake, nitamwambia karibu, na nitamtandikia uleule.

Mjukuu wako, mke wa Elia.