Mama Yangu Njo wa Kwanza

Siku ya ine, tarehe 5 mwezi wa sita 2025

Mungu ni mukubwa. Mutoto wangu Laure anapumua.

Tangu jana damu ilikuwa inatoka, haikatiki. Nilimupeleka hospitali kwa moto, ile pikipiki ya kukodi, nikamukumbatia kwa nyuma asianguke, nguo yangu yote ikalowa. Leo wamemupasua. Laure yuko muzima — lakini kizazi wamekiondoa. Uvimbe ulikuwa umekiharibu chote.

Kizazi! Na ndoa haijamaliza hata mwaka wa pili.

Nilimuambia munganga asinifiche neno, kwa sababu huyu aliyepasuliwa ni ingénieur agronome, injinia wa kilimo, amesoma Lubumbashi, kwa avenue yetu hakuna mwingine. Alitikisa kichwa kwa heshima. Niliona ameelewa.

Jioni Laure alifungua macho. Midomo mikavu, lakini hakuomba maji kwanza. Alisema: "Mama, hii habari ya kizazi ibaki kati yetu. Didier nitamuambia mimi mwenyewe, akifika." Bwana yake yuko Kabalo, kazi ya reli, na treni inakuja ikitaka. Nilijibu ndiyo. Nani angejibu hapana mbele ya macho yale?

Siku ya posho, tarehe 7

Wamemuhamisha chumba cha peke yake, cha mwisho, dirisha linatazama benchi za nje. Chumba kizuri.

Nilienda na wamama wa chorale, kwaya yetu, wote wamevaa kikwembe cha bleu cha parokia. Sentinelle wa mulango mukubwa akasema watu wawili tu kwa mugonjwa mumoja. Nikamuuliza kama anajua anasema na nani. Mimi ni Mama Laure! Tangu nimemuzaa hakuna tena muntu ananiita jina lingine, mimi mwenyewe lile la zamani linanishangaza nikilisikia. Tuliingia wote. Tuliimba polepole, sauti mbili, vizuri sana.

Laure aligeukia ukuta. Nikawaambia wamama ni dawa, inaleta usingizi.

Kwa njia Mama Thérèse wa chorale anataka kujua wamemupasua nini. Tumbo, nikasema. Tumbo gani? Tumbo tu. Nimejikaza kweli leo.

Siku ya Mungu, tarehe 8. Pentekoste

Kanisa limejaa hata nje. Padri alitoa micro, kipaza sauti, kwa wenye kuwa na nia za kuombea. Nilikuwa nimefikiri usiku kucha. Kuomba Mungu si kusema kwa watu. Na wakiomba bila kujua ugonjwa gani, maombi yatafika wapi? Yatazunguka tu hewani.

Nikashika micro. Nikataja jina lake lote, diplôme yake, kisha nikasema kizazi. Kanisa zima lililia. Wamama walipiga magoti kwa simenti. Mutoto wa muntu kuombewa namna ile, mimi sijaona hapa Kalemie.

Mama Odile, mama ya Didier, alikuwa benchi ya mbele. Alitoka kabla ya baraka, simu sikioni. Nikafikiri naye anatafuta mahali pa kulia.

Siku ya kwanza, tarehe 9

Kwa mulango wa Laure wamebandika karatasi: VISITES INTERDITES, wageni hawaruhusiwi. Herufi kubwa, na muhuri chini. Moyo wangu ulijaa. Karatasi kama hiyo niliiona mara moja tu, wakati chef mumoja mukubwa wa muji alikuwa anaugua, hata ndugu zake walisimama nje.

Nikawageukia wamama. Nikawaambia wasome wenyewe, hii haibandikwi kwa kila mugonjwa. Mama Thérèse alisoma mara mbili. Tukarudi sisi wote na heshima yetu. Bakuli ya uji niliachia infirmière, muuguzi wa zamu.

Mimi nitaingia kesho peke yangu. Mama si visite.

Siku ya pili, tarehe 10

Sijui nianzie wapi.

Nilifika mapema na samaki, mikebuka ya kukaanga, ile anayopenda, kichwa kimebaki. Infirmière anaitwa Rachelle, musichana mwembamba, mupole. Alikuwa amesimama kwa mulango. Nilimusalimia, nikanyosha mukono nifungue. Hakuondoka.

Nikamuambia najua, ni sheria ya munganga, lakini mimi ni mama. Akasema si munganga. Mugonjwa mwenyewe njo amekataa wageni. Mugonjwa mukubwa mwenye akili yake ana haki ya kukataa muntu yeyote, na sisi kazi yetu ni kulinda alichosema. Nikamuambia vizuri sana, mulinde, watu wa huu muji wanapenda sana kuchungulia. Lakini mugeni ni muntu anayetoka pembeni. Mimi yeye alitoka ndani yangu. Aende amuulize kuhusu mama yake.

Rachelle aliangalia chini. "Nilimuuliza. Alisema: mama yangu njo wa kwanza."

Nikacheka kwa furaha! Si nilisema? Wa kwanza! Nikapandisha bakuli kwa mukono mwingine, nikasukuma mulango.

Rachelle alinishika kwa kiwiko, polepole, kama muntu anashika muzee. "Wa kwanza wa kukataliwa, mama."

Kisha akanieleza. Siku ya Mungu, hata misa haijatoka vizuri, Didier alimupigia Laure simu kutoka Kabalo. Alimuuliza neno moja: kwa nini hili nalisikia kwa mama yangu, na mama yangu kwa micro? Akakata. Tangu pale Laure hajala.

Sikukumbuka kuaga. Nimefika nyumbani na bakuli yangu, samaki imekaa vilevile.

Siku ya tatu, tarehe 11

Sokoni. Nikisogea, wanaacha kuongea. Yule muuza mboga ya sombe aliyezoea kuniita kwa mbali leo amenipimia bila neno.

Najua wanachosema. Mutoto hakatai mama yake bule. Mutoto akimukataa mama kwa kitanda, ni kwamba ameota, ameona nani amemukula. Kizazi kimeenda wapi? Muulize mama.

Mulozi. Mimi.

Ningeweza kufunga midomo yao. Ningeingia kwa nguvu, sentinelle ananijua, nikae kwa kitanda na mulango wazi, wote wapite waone ninamulisha na mukono wangu. Siku moja tu ingetosha. Nilivaa hata viatu.

Nikavua.

Siku ya ine, tarehe 12

Ninaandikia hapa hospitali, kwa benchi, chini ya dirisha lake. Niandike haraka.

Nilikuja na bakuli, nimuachie Rachelle tu, nirudi. Rachelle alikuwa anagawa dawa kule mbali. Kwa mulango hakukuwa na muntu. Ningeingia. Mukono ulikuwa karibu.

Njo nikasikia viatu. Mama Odile na mashemeji wawili wa Laure, wamevaa kama watu wa kwenda kuona maiti. Didier bado yuko njiani, treni imelala Nyunzu. Wao wamekuja kabla yake, wamuulize mugonjwa kama ni kweli, aseme na kinywa chake, ndipo ukoo ukae ujue la kufanya.

Nikageuka, mugongo kwa mulango.

Mama Odile akanisalimia kwa kucheka: leo Mama Micro amesahau micro nyumbani? Mashemeji wakacheka. Nikamuonyesha karatasi. Akasema karatasi ni ya wageni, yeye ni mama mukwe, alitoa mutoto wake aoe. Yaleyale! Maneno yangu yaleyale ya siku ya pili, kwa kinywa cha muntu mwingine. Yalikuwa na sura mbaya.

Nikamuambia mugonjwa hataki muntu. Akauliza kwa sauti ya kila muntu asikie: "Na wewe, unaingiaka?"

Ndugu wenye kulinda wagonjwa kwa ukumbi waliacha hata kukunja nguo. Mama Thérèse alikuwa pale, na yule wa sombe, dada yake amelazwa upande wa pili. Ningesema ndiyo. Neno moja, na jina langu lingerudi.

"Siingii," nikasema. "Laure amenikataa hata mimi, mama yake. Mimi njo wa kwanza. Kwa hiyo wewe, Mama Didier, utakuwa wa pili. Piga mustari nyuma yangu."

Akauliza basi ninalinda nini, kama mwenyewe nimefukuzwa. Nikajibu ninalinda alichosema. Sikumutukana. Nilitaka. Mashemeji walijaribu kunisogeza, nikabana miguu, mimi si mwepesi. Kelele ikamuleta Rachelle na sentinelle. Mama Odile na mashemeji wameenda. Watarudi na Didier.

Nikashuka huku kwa benchi.

Sasa hivi Rachelle ametoka. Nikasimama kabla hajasema. Akanionyesha nikae. Laure amesikia yote, hata ya kwa mulango. Hakusema niingie. Amemutuma neno moja: "Muulize kama amekula."

Basi. Hilo tu.

Rachelle amesema anamaliza dawa za chumba cha wanaume, atapita tena, nimupe jibu.

Nikisema nimekula, ni uongo, na labda atasema vizuri, aende alale. Nikisema sijakula, nitakuwa nimemuomba kitu. Bakuli iko kwa magoti, bado moto kwa chini. Samaki mbili.

Mama mumoja hapa kwa benchi anasogea. Anataka kujua mutoto ametuma kusema nini. Wengine nao wamegeuza shingo, hata Mama Thérèse. Na ni neno tamu, ningelisema likafika sokoni kabla ya jua kuzama, lingenisafisha lote.

Nimemuambia: ametuma kwangu peke yangu.

Rachelle amefunga mulango wa wanaume. Anakuja.