Riziki, Mwekundu Asiyeacha Mtu Njiani

Mwaka umetimia, Riziki, tangu ugonjwa wa siku tatu ukuondoe kwetu hapa Kindu. Tulilia vya kutosha. Leo tunataka kujivuna.

Wanaosoma na wajue ulikuwa nani. Miaka ile ya vita, treni zikiwa zimelala kituoni, jirani yetu mzee Abdoul alikuwa na televisheni, jenereta na kaseti moja tu ya katuni: magari yanayopigana kati ya nyota. Sauti zote zilikuwa za Kiarabu. Watoto wa mtaa walikusukuma mbele, kwa kuwa ulikuwa umehitimu Kurani. Ukiwa na miaka kumi na mitatu, ulisimama kando ya kioo ukatafsiri bila kusita.

"Ile nyekundu inasema nini?" mdogo wako Fifi aliuliza.

"Inasema: mimi siachi muntu njiani."

Gari hilo kubwa lilikuwa likipakia watu kila mara. Ukaliita Mwekundu, na mtaa mzima ukalipenda.

Asubuhi risasi zilipoingia mtaani, mama alibeba mizigo na kumshika Fifi mkono. Kitinda mimba wetu, Mbaraka, mwenye miaka minne, alikuwa na malaria, miguu haisimami. Uliinama mbele yake. "Mwekundu amefika. Panda!" Siku nne kwenye barabara ya Kalima ulimbeba mgongoni, na kila alipolia ulinguruma kama injini mpaka akacheka.

Ulipokuwa fundi wa pikipiki, wanaume walikudhihaki: "Mwanamke na spana?" Walikuja wakisukuma, wakaondoka wamepanda. Ulizibembeleza injini kama wagonjwa: "Amka, baba, amka." Kila pikipiki uliyoiponya uliitia tone la rangi nyekundu chini ya kiti. Asiyeamini aende bandarini leo, ainue viti, ataona.

Miaka miwili iliyopita Mbaraka aliipata katuni ile kwenye simu, kwa Kifaransa. Alikimbia hadi gereji yako, akapiga kelele mbele ya wateja: "Yaya, dada yangu, ulitudanganya! Mwekundu njo jambazi, ndiye jambazi! Wale watu alikuwa anawateka!"

Ulifuta mikono, ukacheka. "Kurani nilihifadhi, Kiarabu sikujua hata kidogo. Niliona anabeba watu, nikasema anawaokoa. Ao ulitaka nikubebe kwa jina gani?"

Wateja walimcheka yeye. Aliondoka kwa hasira, na msamaha hakukuomba mpaka ukafa. Hilo limemla mwaka mzima.

Juma lililopita mwanao Aboubakar, mwenye miaka sita, aliitazama katuni hiyo, akaja analia: "Mjomba, Mwekundu ya mama ni mubaya?"

Mbaraka aliizima simu. Akainama. "Ule wa simu ni mwingine. Wetu njo huyu. Panda!" Alimzungusha mtaa mzima akinguruma, na wazee waliokimbia nasi siku zile, wakiikumbuka sauti ile, walitoka milangoni. Kisha akakutungia mistari hii:

Chuma chenye moyo ndani, hakichoki na safari,
Ulinitoa vitani, hukuhofia hatari.

Wanaokukumbuka kwa fahari: mama yako Safia, mume wako Amisi, mwanao Aboubakar, mdogo wako Fifi, na Mbaraka, abiria wako wa kwanza, anayekuomba radhi.

Mwenyezi Mungu akurehemu. Hukumwacha mtu njiani, Riziki. Nasi hatutakuacha nyuma kamwe.