Mchezo Niliokukatia

Baba,

Kiti chako bado kimeelekea televisheni. Mama haiwashi. Watu wa kanisa wanapanda hadi ghorofa ya kumi na moja na chapati zao, wananiambia nijikaze, nami nawajibu kwa Kiingereza. Kiswahili changu kilikuwa cha kukusimulia wewe.

Kisukari kilipokupofusha, nilidhani utauacha ule mpira wa Kimarekani waliokufundisha wenzako wa kazini kwenye ghala la Malton, huku ughaibuni. Badala yake ukasema, "Kiingereza nimekisikia kazini miaka yote. Nitangazie kwa Kiswahili, Mwalimu." Uliniita Mwalimu, mimi ambaye darasani nikiulizwa swali natazama viatu. Nikatangaza. Ukacheka: "Wamesimama tena? Hawa wana vikao kuliko kamati ya harusi."

Ulipolazwa nikakuletea kitabu cha maktaba kuhusu miaka ya kwanza ya mpira huo kwenye televisheni, nikawa nakusomea kwa Kiswahili. Jumapili ile tulifika kwenye mchezo wa kwanza kabisa wa timu za kulipwa kuonyeshwa. Kamera mbili tu. Wachezaji wenyewe hawakujua kwamba kuna watu majumbani wanaowatazama. Ulinishika mkono. Halafu wakaja wageni wa mgonjwa wa kitanda cha pili, wakageuka kunitazama, nikaona aibu. Sauti yangu. Lugha yetu. Nikafunga kitabu.

"Usinikatie hapo. Nani anaongoza?"

"Nitamalizia kesho, Baba."

Alfajiri hospitali ikapiga simu.

Baada ya mazishi nilifungua ukurasa uliofuata. Laiti nisingeufungua. Kumbe alasiri ile jua lilijificha nyuma ya uwanja, kamera zikashindwa, picha ikafifia mpaka ikawa nyeusi tupu. Waliokuwa majumbani hawakuona kitu. Na mtangazaji hakunyamaza, Baba. Aliendelea kwa mdomo tu, kama mtu wa redio, akiwasimulia watu waliokaa mbele ya kioo cheusi. Hakumjua hata mmoja wao. Mimi nilikuwa nimekushika mkono.

Nalirudia hilo ndani ya basi, darasani, bafuni bomba likiwa wazi ili nisisikike. Sijui nilipeleke wapi. Mama anadhani nalia kwa sababu umekufa. Sijamwambia kwamba ulikuwa gizani ukaniomba, nami nikaogopa wageni wasionijua.

Jumapili nitapanda mabasi hadi makaburini, kule Pickering, na kitabu mkononi. Nitakusomea kwa sauti, kwa Kiswahili, hata watu wakipita, hata wakisimama kunitazama. Sitakifunga mpaka ukurasa wa mwisho. Nakuahidi.

Kwaheri, Baba. Lakini jambo moja haliwezi kungoja hadi Jumapili, maana nilishakungojesha vya kutosha.

Uliuliza nani anaongoza. Ni wenyeji. Walishinda.

Mwanao,
Mwalimu