Kioo cha Nyuma ya Kichwa

Dada yangu mpendwa,

Mvua imekatika huku, na mashine yangu ya kunyolea bado inanguruma vilevile.

Jana nilimnyoa wifi yako, maana dawa zimempukutisha nywele. Nilipomaliza, nikamshikia kioo nyuma ya kichwa kama mteja.

“Sawa hivyo?”

“Sawa, mume wangu.”

Ndivyo anavyonijibu tangu tuje ugenini, iwe namuuliza kuhusu chai, shati au kikohozi changu. Safari hii niliona amefumba macho.

“Mbona hukutazama?”

“Sijawahi kutazama, mzee. Ulitaka kusikia neno ‘sawa’ tu. Baba yako alikunyima neno hilo.”

Daktari ameacha kututajia tarehe ya kurudi hospitali. Nilifagia nywele, kisha nikamuuliza kama sakafu imetakata.

“Imetakata,” akasema, macho bado ameyafumba.

Wako,
Kaka kinyozi